Mabaki ya Merikebu ya Ngomeni na Lugha ya Kuyalinda

Wahenga walinena kuwa mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Tezi ni upande wa nyuma wa chombo, omo ni upande wa mbele, nayo ngama ni sehemu ya chini kabisa yanakokusanyika maji. Methali hii huirudia mara kwa mara darasani tukifafanua maana yake ya ndani, huku chombo chenyewe tukikisahau. Makala haya yananuia kueleza historia ya chombo kimoja kilicholala chini ya bahari katika Kaunti ya Kilifi, na kuonyesha kwamba ulinzi wake unatuhusu sisi wanafunzi wa Kiswahili.

Ras Ngomeni iko kaskazini mwa Malindi. Karibu na ufuo wake, katika kina cha takriban mita 6, yamo mabaki ya merikebu ya Kireno. Habari zake zilitoka kwa wavuvi, nao uchunguzi ukaendelezwa na Caesar Bita, mwanaakiolojia wa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya, tangu mwaka wa 2013. Miongoni mwa vitu vilivyopatikana ni pembe za ndovu, vipande vya shaba na mbao za merikebu yenyewe. Shaba ilikuwa bidhaa ambayo Wareno waliichukua Ulaya kwenda kununulia pilipili Bara Hindi. Pembe za ndovu nazo zilikuwa bidhaa mashuhuri ya pwani yetu.

Mwaka wa 2024 Bita na wenzake, akiwemo Filipe Castro, walitoa hoja kwamba huenda merikebu hiyo ni São Jorge, iliyozama mwaka wa 1524 katika msafara wa tatu wa Vasco da Gama, yule yule aliyepokewa Malindi mwaka wa 1498. Dai hilo bado linahitaji kuthibitishwa, na ndiyo sababu kila kipande kilichosalia kina thamani. Anayeng'oa kipande kimoja kwenda kukiuza huwa amechana ukurasa wa kitabu ambacho hakijasomwa.

Je, mabaki hayo yasiopolewe yote? Mbao zilizolowa maji ya chumvi kwa karne nyingi hunywea na kupasuka zikikauka, na kuzitibu huchukua miaka na gharama kubwa. Kwa hiyo Mkataba wa UNESCO wa mwaka wa 2001 unataka kuyahifadhi mabaki pale pale yalipo kuwe chaguo la kwanza. Nchini Kenya, Sheria ya Makavazi ya Kitaifa na Urithi ya mwaka wa 2006 inayataja mabaki ya meli yaliyozidi miaka 50 miongoni mwa yanayoweza kulindwa kama turathi. Hivyo hata meli za moshi za enzi ya ukoloni zimo.

Hata hivyo, sheria haizamii baharini. Mlinzi wa kila siku ni mvuvi wa Ngomeni, ilhali ripoti ya mwaka wa 2024 ilichapishwa kwa Kiingereza. Mvuvi aliyetoa habari anastahili kurudishiwa habari. Wala hatuwezi kusingizia uhaba wa istilahi. Uti wa chombo tunauita mkuku, na mbavu zake tunaziita mataruma. Hata Wareno wenyewe walituachia maneno: meza, bendera, leso, mvinyo na gereza, ambalo asili yake ni neno lao la kanisa. Urithi huo wa maneno tumeuhifadhi bila sheria yoyote, kwa kuutumia tu.

Kwa kuhitimisha, makala haya yanapendekeza kwamba wanafunzi wa Kiswahili wakusanye istilahi za vyombo kutoka kwa mafundi na manahodha wa Malindi, Mambrui na Kilifi kabla hazijapotea, kisha washirikiane na wanaakiolojia kutoa maelezo ambayo mvuvi atayasoma na kuyakosoa. Marejeo ni ngamani, nasi tusingoje kurejea ngama ikiwa imekwisha kung'olewa.