Mchezo wa ushirika warejea na sura mpya, jirani aachwa nje

MCHEZO wa video uliobuniwa ili watu wanne waketi chumba kimoja na kusaidiana ulirejea sokoni Agosti 27, 2020 ukiwa na picha angavu zaidi, sauti za waigizaji na nafasi ya kuchezwa hata kwenye simu ya mkononi. Kitu kimoja hakikurejea nao: uwezo wa watu hao wanne kucheza pamoja chumbani humo bila kupitia intaneti.

Mchezo huo ni Final Fantasy Crystal Chronicles, mali ya kampuni ya Square Enix ya Japani. Kwa mkazi wa Mbumbuni, katika Kaunti ya Makueni, habari zake zaweza kuonekana kuwa za mbali. Hata hivyo, yaliyoupata yanahusu yeyote anayenunua burudani, vitabu au muziki kwa njia ya mtandao. Kitu cha zamani kinapokarabatiwa kisha kikafungwa kwenye seva za ng'ambo, ni nani anayebaki na ufunguo wake?

Msafara wa manemane

Kisa cha mchezo huo ni rahisi kukielewa. Dunia imefunikwa na ukungu wenye sumu. Kila kijiji huishi kwa kinga ya jiwe la fuwele, na nguvu za jiwe hilo hupungua kadiri mwaka unavyosonga. Kwa sababu hiyo, vijana wa kijiji kiitwacho Tipa hufunga safari kila mwaka kwenda kutafuta matone ya manemane kutoka kwa miti maalumu, ili wayarudishe nyumbani na kulitakasa jiwe lao. Wakikosa kurudi, kijiji kitaangamia.

Matone hayo hubebwa katika chombo ambacho nacho hutoa duara dogo la kinga. Msafiri anayetoka nje ya duara hudhurika kwa sumu. Mmoja wao lazima akibebe chombo hicho, na akiwa amekibeba hawezi kupigana. Wenzake ndio humlinda, naye huwalinda kwa kuhakikisha kwamba hawaachi nyuma. Anayekimbilia mbele kutafuta sifa huumia, na anayezembea nyuma huumia vilevile.

Wasomaji wa Ukambani hawahitaji kuelezwa maana ya safari ya namna hiyo. Katika karne ya 19, misafara ya Wakamba ilibeba pembe za ndovu hadi pwani ya Mombasa, na jina la mfanyabiashara Kivoi wa Kitui lingali linatajwa katika historia ya biashara hiyo. Aidha, utaratibu wa mwethya, ambapo majirani hukusanyika kuchimba matuta ya fanya juu au kujenga bwawa, una kanuni iyo hiyo: kila mtu huja na jembe lake, lakini shamba halilimwi na jembe moja.

Mchezo huo uliiweka kanuni hiyo hata katika vita. Wachezaji wawili wakielekeza uchawi wao mahali pamoja kwa wakati mmoja, nguvu zao huungana na kuwa kubwa kuliko za mmoja mmoja. Wakipishana sana, hakuna muungano. Ndiyo maana wachezaji wa toleo la kwanza walihesabu kwa sauti, moja, mbili, tatu, kabla ya kubonyeza vitufe vyao.

Nyaya nne mezani

Toleo hilo la kwanza lilitoka Japani mwaka wa 2003, na Marekani na Ulaya mwaka uliofuata, kwa ajili ya mashine ya GameCube ya kampuni ya Nintendo. Lilikuwa na sharti lisilo la kawaida. Waliotaka kucheza kwa pamoja walilazimika kila mmoja kuwa na mashine ndogo ya mkononi iitwayo Game Boy Advance, na waya wa kuiunganisha na mashine kubwa. Watu wanne walihitaji mashine ndogo nne na nyaya nne.

Gharama yake ilikuwa kubwa na wengi walinung'unika. Lakini kulikuwa na hekima ndani ya usumbufu huo. Runinga ilionyesha mambo yaliyowahusu wote, ilhali skrini ndogo mkononi ilionyesha siri ya mmoja. Huyu aliiona ramani, yule aliona hazina zilipo, mwingine aliona maadui walikojificha. Hakuna aliyejua yote. Ili msafara usonge mbele, ilibidi watu wazungumze.

Kukarabati na kujenga upya

Yafaa kueleza maana ya toleo lililoboreshwa, kwani mara nyingi huchanganywa na mchezo uliotengenezwa upya. Tofauti yake ni kama ile ya kuipaka nyumba rangi na kubadilisha mabati, ukilinganisha na kuibomoa na kuanza msingi mpya. Katika kuboresha, kanuni, kisa na mpangilio wa zamani hubaki, lakini picha hunolewa ili zifae runinga za kisasa, na sauti husafishwa.

Kampuni hupenda kazi hiyo kwa sababu jina la mchezo tayari linajulikana, na waliocheza wakiwa watoto sasa ni watu wazima wenye mishahara. Hata hivyo si kazi nyepesi. Square Enix ilipoandaa toleo lililoboreshwa la mchezo wake mwingine, Kingdom Hearts wa mwaka wa 2002, iligundua kwamba data za asili zilikuwa zimepotea, ikabidi sehemu kubwa iundwe upya.

Mfano mwingine ni Diablo II wa kampuni ya Blizzard ya Marekani, uliotoka mwaka wa 2000 na kurejea Septemba 23, 2021 kwa jina la Diablo II: Resurrected. Humo wachezaji hadi wanane hupambana na majeshi ya shetani kwa pamoja. Katika toleo jipya, injini ya zamani ingali inaendesha mchezo kwa ndani, huku picha mpya zikiwekwa juu yake kama vazi. Kwenye kompyuta, mchezaji akibonyeza kitufe kimoja huvua vazi hilo na kuuona mchezo wa mwaka wa 2000 ulivyokuwa.

Uzito wake lakini umebadilika. Mchezo wa awali ulihitaji nafasi ya megabaiti 650 hivi na kompyuta yenye kumbukumbu ya megabaiti 32. Toleo jipya linahitaji gigabaiti 30 na kumbukumbu ya gigabaiti 8. Lilipotoka liliuzwa kwa takriban dola 40, sawa na Sh4,400 hivi kwa thamani ya shilingi ya wakati huo.

Kilichoachwa njiani

Kwa Crystal Chronicles, ukarabati ulileta manufaa ya wazi. Nyaya ziliondolewa. Mchezo uliwekwa kwenye Nintendo Switch, PlayStation 4 na simu za Android na iPhone, na mwenye simu aliweza kucheza na mwenye mashine kubwa. Kulikuwa pia na toleo dogo la bure, lililomruhusu asiyenunua kuingia katika msafara wa aliyenunua.

Lakini kucheza pamoja kulihamishiwa intanetini pekee. Msimamizi wa toleo hilo, Ryoma Araki, alieleza kwamba kuunganisha mashine za aina mbalimbali kulifanya iwe vigumu kuhifadhi uchezaji wa chumba kimoja. Kwa hiyo marafiki wanne walioketi kwenye kochi moja walihitaji mashine nne, kila moja ikiwasiliana na seva ya mbali ili hatimaye wakutane.

Isitoshe, wachezaji waligawanywa kwa kanda, hivi kwamba aliye katika kanda moja ya dunia hakuweza kucheza na nduguye wa kanda nyingine. Na msafara ulipopata tone la manemane, ni mwenyeji pekee aliyehesabiwa kuwa amelipata. Wenzake watatu walilazimika kuirudia safari ile ile, kila mmoja kwa zamu yake. Wachambuzi wengi walilitaja jambo hilo kuwa dosari kubwa zaidi ya toleo hilo. Katika mwethya, matuta yakimalizika kwa jirani mmoja, kesho kikundi huhamia kwa mwingine, lakini hakuna anayedai kwamba kazi ya jana haikufanyika.

Diablo II nao ulipoteza kitu. Mchezo wa zamani uliwaruhusu watu kuunganisha kompyuta zao moja kwa moja, bila intaneti. Agosti 2021, wiki chache kabla ya toleo jipya kutoka, Blizzard ilitangaza kwamba njia hiyo haitakuwepo, ikitaja sababu za usalama. Mwezi wa Oktoba mwaka huo huo seva zake zililemewa mara kadhaa. Kampuni ilieleza kwamba sehemu ya tatizo ilikuwa programu ya zamani iliyobebeshwa umati wa kisasa, ikaweka foleni ya kuingilia. Mchezaji wa peke yake aliweza kuendelea bila mtandao. Aliyetaka mwenzake alisubiri.

Umbali wa seva

Tofauti hiyo huonekana ndogo katika miji yenye intaneti ya kasi na nafuu. Katika soko la mashambani, ambako wengi hununua data kidogo kidogo kwa simu, ni suala la kucheza au kutocheza.

Ujumbe wa mchezaji hauendi kwa jirani moja kwa moja. Husafiri hadi seva, kisha hurudi. Taa inayobeba data ndani ya nyaya za faiba huenda kilomita 200,000 hivi kwa sekunde. Ikiwa seva iko umbali wa kilomita 10,000 za nyaya, kwenda na kurudi huchukua sehemu moja ya kumi ya sekunde, yaani sekunde 0.1, hata bila msongamano wowote. Kwa barua si kitu. Kwa uchawi unaotaka wawili wabonyeze kwa pamoja, ni kizuizi.

Kabla ya mwaka wa 2009, Kenya ilitegemea setilaiti kwa mawasiliano ya intaneti na nchi za nje. Nyaya za TEAMS na SEACOM zilipofika Mombasa mwaka huo, kasi iliongezeka na bei ikaanza kushuka. Lakini nyaya nazo hukatika. Mei 12, 2024, hitilafu katika nyaya za EASSy na SEACOM baharini ilipunguza kasi ya intaneti nchini Kenya na katika mataifa jirani. Siku kama hiyo, watu wawili waliotenganishwa na ukuta mmoja huko Mbumbuni hawawezi kutegemea mchezo wa intaneti, ilhali waya wa mita mbili ungetosha.

Kununua si kumiliki

Suala la pili ni zito zaidi. Mwanzoni mwa 2025, Square Enix ilitangaza kuliondoa toleo la iPhone la Crystal Chronicles. Hitilafu katika mfumo wa ununuzi ilikuwa imewazuia watu kufikia sehemu walizolipia, nayo kampuni ikasema haingeweza kuirekebisha kikamilifu. Waliolipia kuanzia Januari 2024 waliambiwa wangeweza kuomba kurejeshewa pesa. Diski ya GameCube ya mwaka wa 2003, ikiwa haijakwaruzika, ingali inacheza.

Sheria zimeanza kulimulika jambo hili. Katika jimbo la California, Marekani, sheria iliyotiwa saini Septemba 2024 na kuanza kutumika 2025 inayataka maduka ya mtandaoni kumweleza mnunuzi waziwazi kwamba anapata kibali cha kutumia bidhaa, wala si umiliki. Barani Ulaya, kampeni iitwayo Stop Killing Games, iliyochochewa na kufungwa kwa mchezo The Crew Machi 2024, ilipita sahihi milioni 1 mnamo Julai 2025. Inadai kwamba kampuni inapoacha kuhudumia mchezo iliouuza, iuache katika hali ya kuweza kuchezwa.

Mjadala huo unazihusu pia kazi za humu nchini. Mwaka wa 2007, Mkenya Wesley Kirinya alitoa The Adventures of Nyangi, mmoja wa michezo ya mwanzo ya pande tatu kutengenezwa Kenya, kabla ya kushirikiana na Eyram Tawia wa Ghana kuanzisha kampuni ya Leti Arts. Michezo ya Square Enix ina kampuni tajiri ya kuikarabati baada ya miaka 17. Michezo ya wabunifu wa Afrika itakumbukwa tu ikiwa nakala zake na programu zake asilia zitahifadhiwa mapema, kabla kompyuta zilizoitengeneza hazijawa vyuma chakavu.

Kwa mnunuzi wa kawaida, yapo maswali matatu ya kuuliza kabla ya kulipia toleo lolote lililoboreshwa. Je, linaweza kuchezwa intaneti ikikatika? Je, wawili wanaweza kulicheza kwa mashine moja, au kila mmoja lazima awe na yake? Na je, kampuni ikiondoka, mchezo utabaki? Majibu hayapatikani katika picha za matangazo, ambazo daima hupendeza. Hupatikana katika maandishi madogo yaliyo chini yake, na aghalabu ni hayo yanayoamua ni nani atakayeruhusiwa kujiunga na msafara.