Samaki wa Mapambo: Shibe Inavyoweza Kuua Kuliko Njaa

Kila tunapogusa ufugaji wa samaki wa mapambo kipindini, swali moja hurudi kwa sura mbalimbali: "Samaki wangu nawalisha vizuri, wakija juu tu nawapa, mbona wanakufa?" Mara nyingi jibu limo ndani ya swali lenyewe. Samaki wa kwenye tangi la kioo ana hatari ndogo ya kufa njaa. Hatari yake kubwa ni chakula kingi, au chakula kisicho chake, na yale ambayo chakula hicho huyafanya ndani ya maji.

Ili kulieleza hili vizuri tumemchukua samaki wa nyumbani kabisa, Tropheus wa Ziwa Tanganyika. Ukimwelewa huyu, utaweza kumtunza hata samaki wa aina nyingine.

Mla mwani wa kwenye mawe

Ziwa Tanganyika, linalogawanywa na Tanzania, Burundi, Kongo na Zambia, lina zaidi ya aina 200 za samaki wa jamii ya siklidi, ndugu wa sato na perege. Karibu wote hawapatikani penginepo duniani. Kwa sababu ya rangi zao, baadhi husafirishwa wakiwa hai kwenda kwa wafugaji wa Ulaya, Marekani na Asia, na mji wa Kigoma ni mmoja wa milango ya biashara hiyo.

Tropheus ni mmoja wao. Ni samaki mdogo, wa sentimita 12 hivi, anayeishi kwenye maji ya kina kifupi penye mawe mengi. Mdomo wake umeelekea chini, na ndani yake mna meno mengi madogo ya kukwangulia mwani unaoota juu ya mawe. Kazi hiyo huifanya mchana kutwa. Kila mara anapata kidogo, tena chakula chenye lishe hafifu, na ndiyo maana utumbo wake ni mrefu mara kadhaa kuliko mwili wake. Ni kama tofauti ya mbuzi na paka: mla majani huhitaji utumbo mrefu wa kusaga chakula polepole, mla nyama hutosheka na mfupi.

Sasa mchukue samaki huyu, mweke kwenye tangi, umpe moyo wa ng'ombe uliosagwa au punje za samaki wala nyama. Atakula kwa pupa, kwa kuwa silika yake inamwambia chakula ni cha kutafutwa siku nzima. Utumbo wake haukuumbwa kwa mlo huo. Matokeo yanayoogopwa na kila mfugaji wa Tropheus ni ugonjwa wa kuvimba tumbo. Samaki huanza kutema chakula, hujitenga na wenzake, hutoa kinyesi cheupe chembamba kama uzi, kisha tumbo hujaa. Mlo mbaya, maji machafu na msongo wa kuonewa na wenzake huchangia kwa pamoja, na samaki aliyefikia hatua ya kuvimba ni vigumu kumwokoa.

Kila mdomo na chakula chake

Chakula kikuu cha Tropheus kiwe cha mimea. Punje au vipande vyembamba vyenye spirulina ni chaguo zuri. Spirulina ni vijimea vidogo vya majini, wa jamii ileile wanayoila ndege heroe, wanaojulikana na wengi kama flamingo, kwenye Ziwa Natron. Nyumbani unaweza kuongeza mchicha uliochovywa kwenye maji ya moto ukalainika, kipande cha tango, au njegere iliyochemshwa na kumenywa ganda. Mboga iliyobaki itolewe siku hiyohiyo.

Samaki wengine wana mahitaji yao. Samaki wa dhahabu hana tumbo la kuhifadhia chakula, kwa hiyo mlo mmoja mkubwa haumfai. Mpe kidogo kidogo. Gapi hula mwani na vidudu, basi mchanganyie. Yule samaki wa Amerika Kusini anayejulikana madukani kama msafisha vioo hali kinyesi cha wenzake, ingawa wengi huamini hivyo. Anahitaji mlo wake mwenyewe, wa mboga na vidonge vinavyozama, na wakati mzuri wa kumpa ni baada ya kuzima taa, kwani huyo ni wa usiku.

Mkate, wali na ugali visiwekwe kwenye tangi. Huvimba, huoza upesi na kuchafua maji. Nyama na mafuta ya wanyama wa nchi kavu pia hayamfai samaki.

Jingine ni umri wa chakula. Samaki wengi hawawezi kujitengenezea vitamini C, na vitamini hiyo hupungua kwenye kopo lililofunguliwa, hasa kwenye joto na unyevu. Ndoo kubwa ya bei nafuu utakayoitumia mwaka mzima inaweza kukutia hasara. Nunua kopo dogo, lifunge vizuri na uliweke mahali pakavu penye kivuli.

Kiasi gani kinatosha

Kanuni ni rahisi: toa kile ambacho samaki watakimaliza ndani ya dakika 2, mara moja au mbili kwa siku. Tropheus anaweza kupewa mara tatu, ila kila mara kidogo zaidi. Kikibaki chochote, kitoe kwa kichujio cha mkono, na mlo unaofuata ukipunguze. Siku moja kwa wiki bila chakula haimdhuru samaki mzima, bali humpa nafasi ya kumaliza kilichomo tumboni.

Nyumbani, mlishaji awe mmoja. Baba akilisha asubuhi, watoto wakirudi shule wakilisha, na mgeni naye akaonyeshwa samaki wanavyokuja juu, hao wameshakula milo mitatu kabla ya jioni. Ukisafiri siku chache, samaki wazima wenye afya watavumilia, hata wiki moja. Kama lazima jirani alishe, mwachie chakula kilichogawanywa kwenye vikaratasi, kimoja kwa kila siku, na kopo ulifiche.

Chakula kisicholiwa huenda wapi?

Hapa ndipo hesabu inapohitajika. Protini ina naitrojeni, na protini ikioza au ikimeng'enywa, naitrojeni hiyo hugeuka kuwa amonia, sumu ambayo samaki pia huitoa kupitia matamvua yake.

Tuchukue punje za gramu 1, zisizofika kijiko cha chai kilichojaa. Kama asilimia 40 yake ni protini, zote zikioza kwenye tangi la lita 100 zinaweza kuleta karibu miligramu 0.8 za amonia kwa kila lita ya maji. Lakini si amonia yote iliyo na ukali sawa. Kwenye maji ya pH 7 na joto la nyuzi 25, chini ya asilimia 1 ndiyo huwa katika umbo lenye sumu kali. Kwenye pH 8.5 inafika kama asilimia 15, na kwenye pH 9 ni zaidi ya theluthi moja.

Maji ya Ziwa Tanganyika yana pH ya kati ya 8.6 na 9 hivi, na mfugaji wa Tropheus hujitahidi kuyaiga. Kwa hiyo kijiko kilekile kilichosahaulika kwenye tangi lake kina madhara makubwa kuliko kwenye tangi la samaki wa maji yasiyo na magadi. Amonia hiyo kali ikizidi miligramu 0.05 kwa lita huanza kuharibu matamvua. Katika mfano wetu, kwenye pH 8.5, imeshafika kama 0.12.

Wafanyakazi wasioonekana

Kinachookoa tangi ni bakteria. Kundi moja hugeuza amonia kuwa nitriti, ambayo nayo ni sumu kwa kuwa huzuia damu kubeba oksijeni. Kundi jingine hugeuza nitriti kuwa nitrati, ambayo madhara yake ni madogo zaidi. Bakteria hawa hujishika kwenye mchanga, kwenye mawe na zaidi kwenye sifongo la chujio.

Tangi jipya halina bakteria wa kutosha. Huchukua wiki 4 hadi 6 kuongezeka, na kipindi hicho ndicho wanachofia samaki wa wafugaji wengi wapya. Anza na samaki wachache, lisha kidogo sana, na pima maji. Amonia na nitriti ziwe sifuri. Nitrati isizidi miligramu 40 kwa lita.

Chujio likichafuka, suuza sifongo lake kwenye ndoo ya maji yaliyotoka ndani ya tangi, usilifue kwa sabuni wala kwa maji ya bomba. Klorini inayoua vijidudu vya maradhi kwenye maji ya bomba huwaua na bakteria hawa.

Kila wiki toa robo ya maji, ukinyonya uchafu wa chini kwa mpira, kisha jaza mapya yenye joto lilelile. Maji ya bomba yaache kwenye ndoo wazi saa 24, ikiwezekana pampu ya hewa ikifanya kazi ndani yake, ili klorini itoke. Usibadilishe maji yote kwa pamoja, maana mshtuko wa kubadilika ghafla kwa joto na pH unaweza kuua samaki waliokuwa wazima.

Umeme ukikatika

Hili kwetu si jambo la kubahatisha. Pampu zikisimama, oksijeni huanza kupungua, na joto huongeza tatizo: maji ya nyuzi 20 yanaweza kubeba miligramu 9 hivi za oksijeni kwa lita, ya nyuzi 30 hubeba kama 7.5. Samaki aliyeshiba hutumia oksijeni nyingi zaidi na kutoa amonia zaidi. Kwa hiyo umeme ukikatika, usilishe. Koroga maji kwa kuyachota na kikombe na kuyamwaga kutoka juu kila baada ya muda, au weka pampu ndogo ya betri.

Kama chujio lako ni la kopo lililofungwa na limezimika saa nyingi, lifungue na kulisuuza kwa maji ya tangi kabla ya kuliwasha tena. Bakteria waliokosa hewa huwa wameanza kufa na kuoza humo, na ukiliwasha hivihivi litamwaga uchafu huo wote kwa samaki.

Cha kuangalia kila asubuhi

Kabla ya kufungua kopo la chakula, simama mbele ya tangi dakika moja. Wahesabu samaki. Tazama kama wanahemea juu ya maji, kama kuna aliyejibanza pembeni, aliyekunja mapezi au anayetema chakula. Ukiona dalili yoyote, acha kulisha siku moja au mbili, pima maji, badilisha robo yake, na mtenge anayeumwa. Dawa zifuate baada ya hapo, kwa ushauri wa mtaalamu wa mifugo au afisa uvuvi aliye karibu nawe, kwa kuwa baadhi ya dawa huwaua hata wale bakteria wa chujio.

Na samaki wakikukimbilia kwenye kioo kana kwamba hawajala tangu juzi, kumbuka kuwa Tropheus akiwa ziwani huwa mdomo kwenye jiwe tangu asubuhi hadi jioni. Kuomba chakula ni kawaida yake hata akiwa ameshiba. Kipimo chako kibaki zile dakika 2.