Jicho la Walthamstow lina bei

Zamani filamu za Steven Kanumba zilitufikia Walthamstow, London, ndani ya mabegi. Mtu akienda likizo Dar aliagizwa dagaa, khanga na sidii za Bongo Movie, nazo zilizunguka nyumba kwa nyumba huku Hoe Street mpaka zikaanza kukwama. Kanumba alifariki Aprili 2012, na sidii nazo hazikuishi sana. Siku hizi naegemeza simu kwenye chupa ya chai, namenya vitunguu huku mchekeshaji Joti kajifanya bibi kizee anagombana na jirani. Ni Joti yule yule wa Ze Comedy ya EATV, ila sasa simsubiri saa ya kipindi.

Binti yangu ndiye aliyenieleza hesabu ya video hizo. "Mama, wewe ukitazama hapa, kina Joti wanapata zaidi kuliko akitazama shangazi Tandale." Nikadhani utani. Kumbe YouTube haina bei moja ya tangazo: kampuni inayomtafuta mteja wa London hulipa zaidi kuliko inayomtafuta wa Tandale, na mwenye video ndefu huchukua asilimia 55 ya fedha hizo. Ila kwanza avuke kizingiti, ambacho kwa video ndefu ni wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12. Wa Tanzania, kanuni za 2018 ziliwaongezea na leseni ya serikali, wakati huo shilingi milioni 1.

Waindonesia wao hawahitaji jicho la London; wanaweza kutegemea wingi wao. Nchi ina watu zaidi ya milioni 270, na mtengeneza video Atta Halilintar, akizungumza Kiindonesia chake, mwaka 2019 alifikisha wafuatiliaji milioni 10, mtu binafsi wa kwanza Asia ya Kusini-Mashariki. Na dansi haihitaji lugha: mwaka 2025 video ya mtoto wa miaka 11 akicheza juu ya omo la mtumbwi wa mashindano huko Riau ilienea, akaigwa hadi na wachezaji wa Paris Saint-Germain. Kwetu Diamond Platnumz amevuka mipaka kwa muziki, maana muziki hauhitaji kueleweka. Kichekesho kinahitaji. Ndiyo maana mchekeshaji wa Manzese hasahau kutusalimia "ndugu zetu wa ughaibuni", na visa vya mjomba aliyerudi kutoka Ulaya mikono mitupu havikauki. Tunachekwa sisi, na tunalipia. Mimi sina kinyongo.

Faida niliyoipata sikuitarajia. Binti yangu, mzaliwa wa hapa, madrasa haikumfundisha Kiswahili, wala mimi na fimbo yangu ya maneno. Vichekesho vimemfundisha. Tatizo ni Kiswahili gani. Juzi kampigia bibi yake Tanga, shikamoo ikatoka vizuri, kisha kikafuata cha Dar kitupu. Mama akaomba nipewe simu.

"Mwanangu, mtoto huyu uswazi huu kautoa wapi?"

"Kwa Joti, mama."

Kimya kidogo. "Huyo Joti ni wa ukoo gani?"