Roboti wa Matofali na Ngeli Yake: Uhakiki kwa Kipimo cha Kiswahili cha Kasongo na Kabambare

Makala hii inahakiki kielelezo cha kuunganisha cha roboti R2-D2, mhusika wa filamu za Star Wars, kilichotolewa na kampuni ya LEGO ya Denmark mwezi Mei 2021 kwa namba 75308. Uhakiki wa vitu vya aina hii kwa kawaida huishia kwenye idadi ya vipande na bei. Hapa kielelezo kinatazamwa pia kwa upande wa lugha, na lugha iliyochaguliwa ni Kiswahili cha kusini mwa Maniema. Jambo linalohitaji kuamuliwa ni dogo kwa sura: mtu anayemweleza mwanafunzi wa Kasongo kitu hiki aseme "roboti huyu" au "roboti hii"? Jibu lake, kama itakavyoonekana, linagusa mambo yaliyo mazito kuliko upatanisho wa kisarufi.

Kielelezo kina vipande 2,314 na kimo cha sentimita 31 hivi. Ndani yake mna mifupa ya mihimili na pini, na juu ya mifupa hiyo hupachikwa kuta zilizojengwa kwa kulazwa ubavu, vinundu vya matofali vikielekea nje badala ya juu. Hila hiyo ndiyo inayoyawezesha matofali ya pembe nne kuleta umbo la pipa, na ndiyo sehemu ya ufundi inayostahili sifa kuliko zote. Kichwa huzunguka duara kamili, mguu wa tatu hutoka na kurudi tumboni, na ndani ya kichwa mna nafasi iliyofichwa upanga wa nuru wa Luke Skywalker. Hamna mota wala betri. Kwa usahihi wa maneno, basi, hiki si roboti bali ni sanamu ya roboti. Na yule wa kwenye filamu ya 1977 naye mara nyingi alikuwa mtu, kwa kuwa mwigizaji Mwingereza Kenny Baker aliingia ndani ya bweta lake na kulitikisa.

Hatua za kuunganisha zimechorwa kwa picha tupu. Katika hilo Kiswahili hakikuonewa, maana hakuna lugha iliyopendelewa. Lakini mwalimu hawezi kufundisha kwa kunyoosha kidole tu. Akianza kusema, atakuta kwamba sehemu kubwa ya msamiati anao: tofali, bapa, bawaba, pini, gia, mhimili. Kinachopungua ni jina la kile kidude cha juu ya tofali kinachoshika tofali jingine, nacho hakina sababu ya kukataa kuitwa kinundu.

Kwa upande wa mchezo, sifa hupungua. Tofali la LEGO, ambalo hati ya kulinda uvumbuzi wake iliombwa Januari 1958, lilibuniwa ili lisiwe na mwisho: imekokotolewa kwamba matofali sita tu ya rangi moja yenye vinundu vinane kila moja yanaweza kuunganishwa kwa namna 915,103,765. Kielelezo cha R2-D2 kinaomba namna moja tu kati ya zote. Mtoto wa Kongo anayetengeneza gari la waya na kulivalisha magurudumu ya soli za kandambili huamua mwenyewe kama gari lake ni lori au ni jipu, na likivunjika hulibadilisha kuwa kitu kingine. Yeye yu karibu zaidi na fikra ya 1958 kuliko mnunuzi wa kielelezo hiki, kilichouzwa Marekani kilipotoka kwa dola 199.99, fedha zilizozidi wakati huo mshahara wa mwezi wa mwalimu wa shule ya msingi huko Kasongo. Yafaa kuongeza kwamba sanduku lenyewe limeandikiwa watu wa miaka 18 na kuendelea, kwa hiyo mtoto hakukusudiwa.

Sasa neno. "Roboti" lilitoka katika tamthilia ya Mcheki Karel Čapek iitwayo R.U.R., iliyoandikwa mwaka 1920 na kuonyeshwa Prague mwaka 1921. Čapek alipewa neno hilo na ndugu yake Josef, naye alilichukua katika neno robota, ambalo kwa Kicheki ni kazi ya kulazimishwa, ile ambayo mkulima alimfanyia bwana wake bila ujira. Kiswahili cha pwani kina neno linalolingana nalo barabara, yaani shokoa. Kongo nayo ina yake: kazi ya lazima ya wakati wa Wabelgiji, na baadaye salongo ya enzi za Mobutu. Maniema ilikuwa miongoni mwa sehemu za kwanza kutiwa katika kilimo cha pamba cha lazima, mwaka 1917, yaani miaka mitatu kabla ya Čapek kuandika tamthilia yake. Roboti wa Prague hawakuwa wa chuma. Walikuwa watu wa kutengenezwa, wenye nyama. Kwa hiyo mzee wa Kabambare aliyelima pamba ya bula matari angemwelewa Čapek bila mkalimani.

Filamu nazo hazikuiacha maana hiyo. R2-D2 katika kisa cha 1977 hukamatwa jangwani na wachuuzi, hutiwa kifuani kifaa cha kumzuia asitoroke, kisha hupangwa mstarini na kuuzwa kwa mkulima. Watazamaji wengi hucheka. Kasongo ni mji ambao Tippu Tip aliufanya makao yake makuu katika miaka ya 1870, na Kabambare ilikuwa kituo kwenye njia ya kutoka Ziwa Tanganyika. Livingstone alikwama hapo mwaka 1870 na 1871 akiugua vidonda vya miguu. Watu na pembe za ndovu walipita njia hiyo kwa miaka mingi, hadi majeshi ya Dola Huru la Kongo yalipouteka mji mwaka 1893. Kiswahili cha Maniema kilisambaa kwa njia hiyohiyo. Tendo la kununua kiumbe mwenye kifungo kifuani haliwezi kuwa kichekesho tu katika lugha iliyofika na msafara.

Hapo ndipo swali la ngeli linaporudi. Neno "mtumwa" limejengwa kwa kitenzi tuma katika kauli ya kutendwa: ni mtu anayetumwa. Soko lilimhesabu kuwa mali, lakini sarufi haikumtoa katika ngeli ya watu hata siku moja. Alisemwa "mtumwa huyu", si "mtumwa hiki". Roboti kwa asili ya jina lake ni wa ukoo huo. Anayesema "roboti hii" anataja chombo, na hakosi, maana upatanisho huo hutumika kwa majina mengi ya mkopo. Anayesema "roboti huyu" anataja mtumishi. Kwa mhusika wa filamu mwenye ujasiri, hila na ukaidi kama R2-D2, chaguo la pili ndilo linalofaa, na makala hii imelifuata. Kwa kielelezo cha plastiki juu ya rafu, "hiki" inatosha. Katika mazungumzo ya Kasongo tofauti hiyo haisikiki sana, kwa kuwa Kiswahili cha mashariki mwa Kongo kimepunguza upatanisho wa ngeli; hilo ni neno la kuwazuia walimu wasiisahihishe lahaja kwa haraka, kwani lahaja hiyo ina njia zake, kama inavyoelezwa hapa chini.

Mfano ulio hai wa jambo hili ulipatikana Kinshasa. Mwaka 2013 ziliwekwa barabarani roboti mbili za kuongoza magari, za alumini, zenye kimo cha mita mbili na nusu hivi na kutumia nguvu za jua, zikigeuza kifua na kuinua mkono kama askari wa barabarani. Mhandisi aliyeongoza kazi hiyo ni Thérèse Izay Kirongozi. Msomaji wa vitabu vya safari za karne ya 19 hawezi kulipita jina hilo la mwisho bila kusita: kirongozi, umbo jingine la kiongozi, ndiye aliyetangulia mbele ya msafara na kuonyesha njia. Kwamba jina hilo lilikuja kuhusishwa na mashine za kuonyesha njia ni sadfa tu, lakini ni sadfa njema.

Limebaki suala la udogo. Ndani ya sanduku mna pia R2-D2 wa pili, mdogo kama kidole, wa kusimama kando ya yule mkubwa. Kiswahili sanifu hudogesha kwa ki-, na kwa kanuni hiyo angeitwa "kiroboti". Msikilizaji wa pwani atadhani ametajiwa kiroboto, na ataanza kukung'uta nguo. Kiswahili cha Kongo hudogesha kwa ka- katika umoja na tu- katika wingi: katoto, tutoto. Viambishi hivyo vimo katika lugha nyingi za Kibantu, na sarufi nyingi za Kiswahili sanifu huvihesabu kuwa vya bara, ingawa ka- husikika hata Dar es Salaam. Kasongo, basi, mdogo huyo ni karoboti, na wakiwa wengi ni turoboti. Kamusi itakayotaka neno lisilochanganywa na mdudu ingeweza kulichukua kutoka huko.