Tiba ya sanaa ya pamoja

Tiba ya sanaa ya pamoja ni njia ya kuwasaidia watu waliopata kiwewe kwa kuwashirikisha katika kutunga, kuimba, kuchora au kushona wakiwa kikundi. Hutumika hasa kwa manusura wa vita, ubakaji na maradhi yenye unyanyapaa, ambao pamoja na maumivu hubeba pia aibu.

## Msingi wake

Aibu humfanya mtu ajifiche. Aliyebakwa huweza kujiona mchafu, ingawa kosa ni la mwingine. Kusimulia yaliyompata kunaweza kumwia vigumu mno. Katika kazi ya kikundi si lazima aseme "mimi": yeye hutoa mstari mmoja wa wimbo, mwenzake huongeza mwingine, na wimbo ukikamilika ni wa wote. Hapo hugundua kwamba hayuko peke yake.

Wazo hilo si geni Afrika. Neno *ngoma* hutaja chombo, uchezaji na pia shughuli ya uganga. Mwanaanthropolojia John M. Janzen alichunguza ngoma za uganga katika miji kadhaa, ukiwemo Dar es Salaam, akatoa kitabu mwaka 1992. Katika ngoma hizo mgonjwa hutibiwa katikati ya watu wanaoitikia wimbo wake.

## Mifano

Mfano unaojulikana sana uko Bukavu, mashariki mwa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Hospitali ya Panzi ilianzishwa na daktari Denis Mukwege mwaka 1999, naye alipata Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2018 kwa kupinga ubakaji kama silaha ya vita. Hospitali hiyo ilianza tiba ya muziki pamoja na shirika la Make Music Matter la Kanada. Manusura hukaa na mwanasaikolojia na mtayarishaji wa muziki, hutunga nyimbo kuhusu hisia zao, kisha huzirekodi studio. Jamii inaposikiliza nyimbo hizo, humkuta mtunzi na mwimbaji, si mtu wa kuhurumiwa tu. Utafiti uliotolewa mwaka 2021 kuhusu wanawake wa kijijini Kivu Kusini ulionyesha kwamba dalili za wasiwasi, sonona na kiwewe zilipungua baada ya tiba hiyo.

Nchini Tanzania, hospitali ya CCBRT ya Dar es Salaam ilianzisha Kituo cha Mabinti kwa wanawake waliotibiwa fistula ya uzazi. Ugonjwa huo hutokana na uchungu wa kujifungua uliochukua muda mrefu mno. Mwanamke hutokwa na mkojo bila kujizuia, na wengi hutengwa. Kituoni hujifunza pamoja kushona na kuchapa vitambaa, wakapata na ujuzi wa kujitegemea.

## Mipaka

Sanaa haichukui nafasi ya matibabu ya hospitali wala ya sheria. Kiongozi wa kikundi anatakiwa kujua namna ya kumsaidia anayelemewa na kumbukumbu. Kazi isitolewe hadharani bila ridhaa ya waliohusika, kwani anayetambuliwa anaweza kuaibishwa upya au kuhatarishwa.