Norwei: Maporomoko Yaliyotangulia Mafuta

Norwei ni ufalme wa kaskazini kabisa mwa Ulaya, wenye eneo la kilomita za mraba zipatazo 385,000 ukihesabu na visiwa vya Svalbard, na watu milioni 5.5 hivi. Mji mkuu ni Oslo. Ardhi ya kulima ni haba. Sehemu kubwa ya nchi ni milima, misitu na fiodi, yaani mikono mirefu ya bahari inayopenya katikati ya majabali. Samaki huuzwa nje kwa wingi. Muungano wake na Sweden ulivunjika 1905. Mfalme yupo, lakini nchi huendeshwa na Bunge na mawaziri. Mengine ya namna hiyo msomaji atayapata kwenye atlasi. Kinachostahili karatasi yetu ni maporomoko ya maji.

Nchi hii husifiwa kwa mfuko wake wa mafuta, ulioanzishwa kwa sheria ya 1990 na kuvuka dola trilioni 1 mwaka 2017. Anayeanzia hapo anaona tunda bila kuuona mti. Mwanzoni mwa karne iliyopita Norwei ilikuwa nchi ya wakulima wadogo, wavuvi na mabaharia, na watu wake kwa mamia ya maelfu walikuwa wakihamia Marekani. Umeme wa maji ulipoanza kuleta faida, wenye mitaji kutoka nje walikuja wakinunua maporomoko kwa wakulima wasiojua thamani yake. Bunge likashtuka. Mwaka 1906 likapitisha sheria ya dharura, na 1909, Johan Castberg akiwa Waziri wa Sheria, ikaja sheria kamili: mwekezaji atapewa kibali cha miaka 60 hadi 80, na muda ukiisha, maporomoko pamoja na bwawa na mahandaki yake yanakuwa mali ya dola bila fidia. Wenyewe huiita hjemfall, kurejea nyumbani. Wapo waliokwenda mahakamani wakidai wamenyang'anywa, na mwaka 1918 Mahakama ya Juu ikaamua kwamba katiba haikuvunjwa. Wala mitaji haikukimbia. Kituo cha Vemork kule Rjukan, kilichojengwa na kampuni ya Norsk Hydro kwa fedha nyingi za kigeni, kilipoanza kazi 1911 kilikuwa kikubwa kuliko vituo vyote vya umeme duniani.

Kwa hiyo mafuta ya Ekofisk yalipogunduliwa 1969 katika Bahari ya Kaskazini, ubishi mkubwa wa nani amiliki utajiri wa asili ulikuwa umekwisha zamani. Tangu 1963 serikali ilikwishatangaza kwamba utajiri ulio chini ya bahari yake ni wa dola. Wageni walikaribishwa kama walivyokaribishwa kwenye maporomoko: kwa leseni na kwa muda. Mwaka 1972 zikaundwa kampuni ya taifa, Statoil, na idara ya usimamizi, kila moja peke yake, ili anayechimba asiwe ndiye anayejikagua. Kodi ya faida ya mafuta leo ni asilimia 78. Kanuni ya 2001 iliruhusu bajeti ichukue kiasi cha asilimia 4 tu ya mfuko kwa mwaka, ikashushwa hadi 3 mwaka 2017. Na mfuko haununui hisa ndani ya Norwei, fedha zisije zikapandisha bei na kuua viwanda vingine.

Wapo watakaosema nchi yenye shule zisizo na madawati haiwezi kuweka akiba ughaibuni. Pingamizi hili ni la haki, na Norwei yenyewe haikufanya hivyo. Mafuta yalianza kutoka 1971, na fedha za kwanza ziliingia mfukoni 1996. Katikati walijenga, walikopa, na bei ilipoporomoka 1986 wakaumia. Kilichotangulia kilikuwa umiliki. Akiba ilifuata baadaye. Sisi Tanzania tuna Sheria ya Usimamizi wa Mapato ya Mafuta na Gesi ya 2015, yenye Mfuko wake, ilhali sehemu kubwa ya futi za ujazo trilioni 57 za gesi yetu bado iko chini ya bahari. Kutunga sheria mapema ni jambo jema. Lakini mijadala yetu, tangu ghasia za Mtwara za 2013 kuhusu gesi, huishia kwenye mgawo: asilimia ngapi ya nani. Ni nadra kuuliza mkataba ukiisha nini kitabaki mikononi mwetu, na vijana gani watakuwa wanajua kukiendesha. Tunayo pia sheria ya 2015 inayotaka mikataba ya uziduaji iwekwe wazi, lakini ni wananchi wangapi waliowahi kusoma hata mmoja? Statoil, ambayo leo inaitwa Equinor, ndiyo iliyo katika kitalu namba 2 cha bahari yetu. Inaketi mezani na wataalamu wetu ikitoka katika nchi ambayo kwa zaidi ya miaka 100 imekuwa ikikaa upande wetu wa meza ile.