Ladha ya Ndizi au Harufu ya Ndizi?

Muhoroni, mashariki ya Kisumu, ni mji wa miwa. Sukari ikishatolewa husalia molasi, shira nyeusi nzito, na mnamo 1978 kampuni ya Agro-Chemical and Food iliundwa mjini humo ili kuigeuza molasi kuwa spiriti na hamira. Hamira inapoichachusha sukari haitoi spiriti peke yake. Hutoa pia viasi vidogo vya esta, yaani kampaundi zitokanazo na muungano wa asidi na alkoholi.

Mojawapo ni isoamili asetati, ambayo ndiyo asili ya sehemu kubwa ya harufu ya ndizi mbivu. Viwandani hupatikana kwa kuunganisha alkoholi ya isoamili na asidi ya siki, kisha ikatiwa katika peremende na aiskrimu. Molekuli ya kiwandani na ya mgombani hazitofautiani hata chembe. Ila ndizi ina kampaundi nyingine chungu nzima zinazoisindikiza hiyo moja, na ndiyo sababu peremende haimghilibu mtu aliyezoea ndizi zenyewe.

Pakiti huandikwa "ladha ya ndizi". Hapa mwanaisimu ana la kusema. Ulimi hutambua utamu, uchungu, ukali wa ndimu, chumvi na ule ukolevu wa mchuzi wa nyama, ndizi hauijui. Msomaji na azibe pua aimung'unye peremende hiyo: atapata sukari tupu. Tunachokiita ladha ni harufu ipandayo puani kupitia nyuma ya koo. Kwa hiyo napendekeza viongezwa hivi viitwe vinukizi, kutokana na kitenzi nukiza.

Kitenzi chenyewe kina hazina. Ethili asetati, esta nyingine ya hamira, ikiwa kidogo hunukia kama tunda. Ikizidi hunuka kama dawa ya kuondolea rangi ya kucha. Kampaundi ni ile ile, na kiambishi -i- ndicho kinachobainisha hali hizo mbili. (Mwingereza angelazimika kutafuta kivumishi.)

Mfumo huo una mpaka wake, hata hivyo. Mwaka 1962 watafiti walionyesha kwamba isoamili asetati ni king'ora cha nyuki: anayeuma huiachilia, na wenzake hufika wakiwa tayari kushambulia. Wafugaji wa nyuki huonywa wasile ndizi karibu na mizinga. Je, kwa nyuki esta hiyo hunuka au hunukia?